Programu inapojifunga ghafla: namna ya kutafuta chanzo kabla ya kumwita fundi

Kompyuta ya nyumbani inapofunga programu bila ya taarifa, wengi wetu hubofya kitufe cha kukubali ili ujumbe uondoke, kisha huanza upya kazi iliyopotea. Hata hivyo, ujumbe huo, ingawa umeandikwa kwa lugha ya kigeni na tarakimu zisizoeleweka, mara nyingi hubeba jina la mkosaji. Makala hii inaeleza kinachotokea ndani ya mashine programu inapoanguka, na hatua ambazo mtu asiye fundi anaweza kuzifuata kwa mpangilio.

Mwandishi wa makala hii alijifunza somo hilo kwa gharama. Ilikuwa alfajiri, nikitafsiri taarifa ya habari nikiwa nyumbani, na zimebaki kama dakika arobaini kabla ya msomaji kuingia studio. Nilikuwa nimefika ukurasa wa nne. Ghafla dirisha la programu ya kuandikia likapauka, kipanya kikakwama, na kisanduku kidogo kikajitokeza katikati ya skrini. Sikukisoma. Nilibofya, kikaondoka, na kurasa mbili zikaondoka nacho. Asubuhi ile taarifa ilisomwa ikiwa na pengo la habari moja, nayo ilikuwa habari ya mafuriko ambayo watu wa bondeni walikuwa wakiisubiri.

Jambo hilo lilijirudia siku mbili baadaye, na safari hii nilisoma. Ujumbe ulitaja faili ya kamusi niliyokuwa nimeiunganisha na programu ya kuandikia. Kamusi hiyo ilikuwa imejisasisha yenyewe usiku wa kuamkia tukio la kwanza. Niliiondoa, na programu haikuanguka tena. Mkosaji alikuwa ametajwa kwa jina tangu siku ya kwanza.

Nini hasa hutokea?

Kompyuta haiendeshi programu moja tu. Kivinjari cha intaneti, programu ya kuandikia, ile ya muziki na nyingine nyingi zisizoonekana hufanya kazi kwa wakati mmoja, zikitumia kumbukumbu moja. Ili zisikanyagane, mfumo endeshi kama vile Windows huigawia kila programu eneo lake, mithili ya mwenye nyumba anayempa kila mpangaji chumba na ufunguo. Programu ikijaribu kusoma au kuandika mahali ambapo haikupewa, mfumo huisimamisha papo hapo.

Kwa hiyo, kufungwa kwa programu si uharibifu wenyewe. Ni ulinzi. Mfumo huamua kuwa ni heri programu moja ipotee kuliko kuiacha iharibu kazi za nyingine. Ndiyo maana programu moja inapoanguka, muziki unaweza kuendelea kupiga kana kwamba hakuna lililotokea.

Hali huwa tofauti kosa linapotokea katika kiini cha mfumo, mahali wanapoishi viendeshi, yaani programu ndogo zinazoiwezesha kompyuta kuzungumza na printa, kadi ya picha, kadi ya sauti na vifaa vingine. Huko hakuna kuta za kutenganisha vyumba. Kosa moja huiangusha mashine nzima, na skrini hujaa rangi moja, buluu au nyeusi, pamoja na maandishi machache.

Mfano mkubwa wa hali hiyo ulionekana dunia nzima tarehe 19 Julai 2024. Kampuni ya Marekani ya usalama wa kompyuta, CrowdStrike, ilituma sasisho dogo la programu yake ya ulinzi iitwayo Falcon, saa 1:09 asubuhi kwa saa za Afrika Mashariki. Sasisho hilo liliitaka programu isome taarifa ya 21 katika orodha iliyokuwa na taarifa 20 tu. Programu ikanyoosha mkono mahali pasipokuwa na kitu, na kwa kuwa sehemu yake hufanya kazi ndani ya kiini, mashine zilianguka moja baada ya nyingine. Sasisho liliondolewa baada ya dakika 78, lakini Microsoft ilikadiria kuwa kompyuta milioni 8.5 zilikuwa zimekwisha kuathirika. Safari za ndege zilifutwa, na hospitali na benki zikakwama katika nchi nyingi. Dawa yake ilikuwa nyepesi kuieleza lakini nzito kuitekeleza: kuiwasha kila mashine katika hali salama, kuifuta faili moja, na kuiwasha upya.

Kompyuta za nyumbani kwa sehemu kubwa zilinusurika, kwani programu ile huuzwa kwa mashirika. Lakini aina ya kosa lililotokea siku ile ni ndugu wa kosa linaloifunga programu ya kuandikia barua sebuleni kwako. Njia ya kulitafuta pia ni moja: ni nini kilichobadilika, na ni faili gani iliyotajwa?

Maswali mawili ya mwanzo

Kabla ya kugusa chochote, jiulize swali la kwanza: je, ni programu moja tu inayoanguka, au ni kadhaa? Ikiwa ni moja, chanzo kwa kawaida kimo ndani ya programu hiyo, katika viongezi vyake, au katika faili unayoifungua. Ifungue faili nyingine. Iwapo programu inaanguka kwa faili moja tu na kufanya kazi vyema kwa nyingine, mgonjwa ni faili. Lakini ikiwa programu zisizohusiana zinaanguka kwa zamu, leo kivinjari, kesho kicheza muziki, shuku mfumo endeshi, kumbukumbu, diski au joto.

Swali la pili: ni nini kilichobadilika kabla ya matatizo kuanza? Huenda umesakinisha printa mpya, umesasisha mfumo, umeongeza programu ya kuzuia virusi juu ya ile iliyokuwapo, au umeme ulikatika ghafla. Kompyuta iliyokuwa nzima jana na leo ni mbovu ina sababu, na mara nyingi sababu hiyo ina tarehe.

Kuusoma ujumbe wa kosa

Usibofye kwa haraka. Chukua simu na uupige picha ujumbe wote. Hata kama hujui Kiingereza au Kifaransa, tarakimu na majina ya faili hayana lugha, na fundi wa Kampala, Bujumbura au Tanga atayasoma kwa namna moja.

Katika Windows, zipo namba chache zinazojirudia sana. Namba 0xc0000005 humaanisha kwamba programu imejaribu kufikia eneo la kumbukumbu isiloruhusiwa. Chanzo chaweza kuwa kasoro ya programu yenyewe, kiongezi, au kumbukumbu mbovu. Namba 0xc000007b mara nyingi hutokea programu ya biti 64 inapokutana na faili ya msaada ya biti 32, au kinyume chake. Namba 0xc0000135 husema kwamba faili inayohitajika haikupatikana.

Wakati mwingine ujumbe hutaja moja kwa moja faili inayokosekana, yenye jina linaloishia na herufi dll, kwa mfano VCRUNTIME140.dll. Faili za aina hii ni mithili ya kinu kimoja kinachotumiwa na nyumba kadhaa za jirani: kikihamishwa, kila mpishi hukwama. Hapa pana mtego. Zipo tovuti nyingi zinazotoa faili hizo moja moja, bure, na baadhi yake huja na virusi. Njia iliyo salama ni kuisakinisha upya programu iliyolalamika. Kwa faili tuliyoitaja hapa, unaweza pia kupakua kutoka tovuti ya Microsoft kifurushi kizima kiitwacho Visual C++, ambacho hakilipiwi.

Daftari ambalo wengi hawalijui

Ikiwa ujumbe umekwisha kuondoka, hujapoteza kila kitu. Windows huandika kila anguko katika daftari la matukio. Bonyeza kitufe chenye nembo ya Windows pamoja na herufi R, andika eventvwr, kisha bonyeza Enter. Fungua sehemu ya kumbukumbu za Windows, halafu ile ya programu. Tafuta alama nyekundu zenye saa inayolingana na wakati wa tukio. Tukio lenye namba 1000 ni la programu iliyoanguka, na lenye namba 1002 ni la programu iliyoganda bila kujibu.

Ndani ya tukio namba 1000 utakuta majina mawili yaliyo muhimu: jina la programu, na jina la faili iliyokuwa ikifanya kazi kosa lilipotokea. Majina hayo yakiwa tofauti, fuata la pili. Laweza kuwa la kiongezi au la kiendeshi cha kadi ya picha. Ila usihukumu upesi ukiona ntdll.dll. Hiyo ni faili ya Windows yenyewe ambayo karibu kila programu huipitia, na aghalabu ni shahidi aliyekutwa mahali pa tukio, si mhalifu.

Wasiopenda orodha ndefu wanaweza kuandika perfmon /rel katika kisanduku kile kile. Hapo hutokea mchoro wa siku kwa siku unaoonyesha programu zilizoanguka na zile zilizosakinishwa au kusasishwa. Ukiona kwamba msalaba mwekundu wa kwanza ulitokea siku moja baada ya programu fulani kusakinishwa, umepata pa kuanzia.

Hatua kwa mpangilio

Kanuni kuu ya wachunguzi wa makosa ni kubadilisha jambo moja kwa wakati mmoja, kisha kujaribu. Anayebadilisha mambo matano kwa pamoja hatajua ni lipi lililoponya, wala ni lipi lililozidisha ugonjwa.

Kwanza, iwashe kompyuta upya, na si kuilaza kwa kukifunga kifuniko. Kuwasha upya husafisha kumbukumbu na kuondoa mabaki ya programu zilizokwama. Ikiwa programu imeganda na haifungiki, bonyeza Ctrl, Shift na Esc kwa pamoja, uichague katika orodha, na uisimamishe. Katika orodha hiyo hiyo tazama kiasi cha kumbukumbu kinachotumika. Ikiwa kinakaribia asilimia mia moja, huenda mashine imelemewa tu, hasa yenye gigabaiti 4 inayofungua kurasa nyingi za intaneti kwa wakati mmoja.

Pili, tazama nafasi iliyobaki katika diski. Windows huazima sehemu ya diski kumbukumbu inapojaa. Diski nayo ikijaa, mfumo hukosa pa kuazima na programu huanza kuanguka.

Tatu, sasisha programu inayoanguka. Ikiwa sasisho ndilo lililoleta balaa, iondoe programu na usakinishe toleo lake la awali kutoka kwa watengenezaji.

Nne, zima viongezi. Kwa programu za Office kama vile Word, shikilia kitufe cha Ctrl huku ukiifungua. Itakuuliza kama unataka kuifungua katika hali salama. Ikifanya kazi vizuri katika hali hiyo, mkosaji yaelekea ni kiongezi. Viwashe kimoja baada ya kingine hadi utakapompata.

Tano, kagua faili za mfumo. Fungua dirisha la amri kwa mamlaka ya msimamizi, uandike DISM /Online /Cleanup-Image /RestoreHealth, na ikimalizika uandike sfc /scannow. Amri ya kwanza hukarabati ghala la faili za Windows na huenda ikahitaji intaneti; ya pili hulinganisha faili zilizopo na ghala hilo na kubadilisha zilizoharibika. Kazi hiyo yaweza kuchukua nusu saa au zaidi kwa mashine kongwe. Usiikatishe, na kama ni kompyuta ya mpakato, hakikisha imechomekwa kwenye umeme.

Sita, ikiwa programu nyingi bado zinaanguka, pima kumbukumbu. Katika kisanduku cha kitufe cha Windows na R, andika mdsched. Kompyuta itajiwasha upya na kuipima kumbukumbu yake. Kumbukumbu yenye kasoro hairekebishwi kwa programu yoyote, hubadilishwa. Kwa kompyuta za mezani, na za mpakato zinazofunguka, huwa ni kipande kidogo kinachochomolewa na kuchomekwa.

Saba, kama mambo yalianza baada ya tarehe unayoikumbuka, andika rstrui katika kisanduku hicho na uirudishe mashine katika hali ya awali, iwapo ilikuwa imeweka alama za kurejea. Hatua hii haigusi barua na picha zako, ila huondoa programu zilizosakinishwa baada ya tarehe hiyo.

Vumbi, joto na umeme

Kuna mashine zinazoanguka bila kosa la programu yoyote. Katika maeneo yetu, vumbi ni adui wa kwanza. Huziba matundu ya hewa, feni hunguruma, na kompyuta hupata joto hadi inaganda au kujizima ili isiungue. Dalili yake ni kwamba hufanya kazi vizuri dakika kumi za mwanzo, kisha huanza kusumbua. Kompyuta ya mpakato iliyolazwa juu ya godoro au blanketi hupata dhara hilo haraka, kwa kuwa matundu yake yako chini. Iweke juu ya ubao au meza.

Adui wa pili ni umeme unaokatika na kurudi kwa nguvu. Diski inapokatizwa katikati ya kuandika, faili hubaki nusu. Ukikuta katika daftari la matukio, sehemu ya mfumo, tukio namba 41, maana yake ni kwamba mashine ilizimika bila kufuata utaratibu. Yakiwa mengi, dawa yaweza kuwa betri mpya, chaja nzima au kifaa cha kuhifadhi umeme, wala si programu.

Ili kukagua diski, andika chkdsk C: katika dirisha la amri. Kama makosa yametajwa, au diski inatoa sauti ya kugongagonga, acha kila kitu na unakili kwanza faili zako mahali pengine. Diski inayokufa haina ahadi ya kesho.

Jihadhari na waokoaji wa uongo

Ukiwa katika intaneti huenda ukakutana na ukurasa unaopiga kelele, ukidai kwamba kompyuta yako imevunjika au imejaa virusi, na kukutaka upige simu mara moja. Huo ni ulaghai. Microsoft imesema wazi kwamba ujumbe wake wa makosa hauna namba za simu. Walaghai hao humtaka mtu asakinishe programu inayowawezesha kuitawala kompyuta kutoka mbali, kisha humwomba malipo au nenosiri la benki. Funga kivinjari, kwa nguvu ikibidi kwa njia ya Ctrl, Shift na Esc.

Hatari nyingine huingia kupitia programu zilizovunjwa kufuli, zinazogawiwa kwa diski mweko kutoka mkono hadi mkono. Waliozivunja wamezibadilisha, na hakuna ajuaye wameongeza nini. Nyingi huanguka kwa sababu masasisho yamezuiwa ndani yake. Kwa barua, hesabu na michoro ya kawaida ya nyumbani, LibreOffice hupatikana bure na kwa halali.

Wenye Windows 10 nao wanapaswa kujua kwamba Microsoft ilimaliza msaada wake wa kawaida kwa mfumo huo tarehe 14 Oktoba 2025. Mashine haikomi kufanya kazi, lakini bila masasisho ya usalama huwa wazi zaidi kwa virusi, na kadiri muda unavyopita programu mpya huanza kuukataa mfumo huo. Jambo hili linawagusa hasa wanunuzi wa kompyuta zilizokwisha kutumika. Kabla ya kulipa, uliza kama mashine inakidhi masharti ya Windows 11.

Ukimwita fundi

Zipo hali zinazomhitaji fundi: diski inayogonga, skrini ya buluu au nyeusi inayojirudia baada ya hatua zote, au kompyuta isiyowaka kabisa. Mpelekee picha ya ujumbe, jina la faili uliyoiona katika daftari, tarehe matatizo yalipoanza, na orodha ya uliyokwisha kujaribu. Taarifa hizo humpunguzia kazi, na nawe hukupunguzia gharama.

Wapo mafundi ambao dawa yao ya kwanza kwa kila ugonjwa ni kuufuta mfumo wote na kuusakinisha upya, jambo ambalo wengi huliita kupiga Windows. Wakati mwingine ndiyo njia pekee. Lakini haponyi kumbukumbu mbovu wala feni iliyoziba anayepiga Windows, na akifanya hivyo bila kunakili faili, picha za harusi, hati za shamba na tasnifu ya mwanafunzi huondoka pamoja na kosa. Muulize kabla hajaanza: faili zangu umeziweka wapi? Asipokuwa na jibu, ichukue mashine yako.

Na kwa kuwa hata mashine iliyo nzima huanguka siku moja, jizoeze kubonyeza Ctrl na S kila unapomaliza aya. Programu ya Word hujiwekea nakala ya dharura kila baada ya dakika 10 isipobadilishwa. Unaweza kuipunguza iwe dakika 2 katika sehemu ya mipangilio ya kuhifadhi. Nakala nyingine iweke nje ya kompyuta, kwenye diski mweko au katika hifadhi ya mtandaoni. Tangu asubuhi ile ya pengo la mafuriko, mwandishi huyu hutafsiri taarifa moja, huihifadhi, huituma studio, ndipo huifungua inayofuata.